Ukuta wa zimwe unakula nini?

SWALI: Mhandisi, habari za kazi. Ninaandika riwaya ya dunia ya kubuni. Humo kuna jiwe la kichawi nililolipa jina la zimwe: jeupe, jepesi kama pamba, gumu kuliko chuma, na likipata ufa linajiziba lenyewe. Mji mkuu wote umejengwa kwa zimwe na minara yake inapita mawingu. Wenzangu waliosoma rasimu wanasema mji huo hauwaingii akilini, ingawa majini na wachawi wa humo humo wamewakubali bila shida. Sitaki kuuondoa uchawi. Nirekebishe nini? Halafu katika sura ya tisa jeshi la adui linatakiwa kuuangusha ukuta wa mji, na sitaki kusema tu kwamba walikuja na uchawi mkubwa zaidi.

JIBU: Wasomaji wako hawana ugomvi na uchawi. Kinachowakwaza ni kwamba umelipa zimwe sifa nne, zote njema, na hakuna hata moja inayomdai mtu chochote. Kila kifaa cha ujenzi ninachokifahamu hutoa kwa mkono mmoja na kudai kwa mkono wa pili. Chuma hupinda kabla ya kukatika, lakini hushika kutu, na moto mkali hukilegeza. Kioo ni kigumu, ila kikipata mkwaruzo mdogo mahali pabaya kimekwisha. Mbao ni nyepesi na hufanyika kwa urahisi, kisha mchwa na unyevu huja kudai fungu lao. Kwa hiyo kabla ya kuendelea kuandika zimwe linaweza nini, kaa chini uamue linahitaji nini. Sura nyingi za kitabu chako zitatoka humo.

Tuanze na nguvu, kwa sababu hapo umetumia uchawi mwingi bure. Jiwe la kawaida, wala si la kusifika, huhimili mgandamizo wa kilo 400 hivi kwa kila sentimita mraba. Chukua kipande cha jiwe hilo chenye kitako cha sentimita mraba moja na kimo cha mita moja: kina uzito wa takriban robo kilo. Gawanya mwenyewe. Ungeweza kupandanisha vipande hivyo hadi kimo cha mita 1,600 kabla cha chini kabisa hakijaanza kusagwa na uzito wa wenzake. Burj Khalifa, jengo lililofunguliwa mwaka 2010 na kuwa refu kuliko yote duniani, lina mita 828. Piramidi Kuu ya Giza ilipokuwa mpya ilifika mita 146 hivi. Wajenzi wa mawe hawakuwahi hata kukaribia kikomo cha jiwe lao. Zimwe lako lililo gumu kuliko chuma linatibu ugonjwa ambao jiwe halijawahi kuugua.

Majengo ya mawe huangushwa na mambo mengine. Kwanza ni kuvutwa: jiwe na zege vikibanwa ni mashujaa, vikivutwa hukatika kwa nguvu iliyo karibu na sehemu moja ya kumi tu ya ile vinayoihimili vikibanwa. Ndiyo sababu fundi hafikirii kumwaga zege la boriti bila nondo. Pili ni ardhi. Mnara wa Pisa ulianza kujengwa mwaka 1173, ukaanza kuinama ungali haujamalizika, na marumaru yake haikuwa na kosa. Udongo wa chini ndio uliokuwa laini upande mmoja kuliko mwingine. Tatu ni msukumo wa pembeni. Kila tao na kila kuba husukuma kuta zake nje, usiku na mchana, bila kuchoka. Kule Beauvais, Ufaransa, sehemu ya kanisa kuu yenye dari la mawe la kimo cha mita 48 hivi ilikamilika mwaka 1272. Mwaka 1284 sehemu ya dari hilo ikabomoka. Mnara ulioongezwa baadaye ukaporomoka mwaka 1573. Katika visa hivi jiwe halikushindwa na uzito. Mizani ndiyo iliyopotea.

Ukitaka zimwe liwe na nguvu ya ajabu, basi lipe nguvu ya kuvutwa. Hapo utakuwa umebadilisha dunia kweli. Jiwe linalovutika bila kukatika linaweza kuruka mto kwa boriti moja nyembamba, linaweza kutoa baraza linaloning'inia bila nguzo, na matao yote yanakuwa pambo tu. Mji wako utakuwa na sura ambayo hakuna mji wa mawe uliowahi kuwa nayo, na msomaji ataiona tofauti kabla hujamweleza kitu.

Wepesi ndio ningeufuta kabisa.

Najua utasikitika, maana minara ya mawinguni imesimama juu ya wepesi huo. Lakini uzito ni rafiki wa ukuta. Fanya hesabu hii ya haraka. Ukuta wa mawe wenye unene wa mita moja na kimo cha mita 20 una tani 50 kwa kila mita ya urefu wake. Upepo wa mita 30 kwa sekunde, yaani kilomita 108 kwa saa, unausukuma kwa nguvu ya takriban tani moja tu kwa kila mita hiyo. Ukuta unatetemeka kidogo na kubaki pale ulipo. Sasa ujenge ukuta ule ule kwa zimwe lenye uzito wa kilo 100 kwa mita ya ujazo: umebakiwa na tani mbili, na upepo haujapunguza hata kilo. Upepo unausukuma kwa wastani kutoka katikati, mita 10 juu ya ardhi, wakati uzito unaoukataza kupinduka uko nusu mita tu kutoka ukingoni. Ukuta unalala chini siku ya tufani ya kwanza, ukiwa mzima, bila ufa hata mmoja. Wajenzi wa makanisa ya kale ya Ulaya walilijua hili vizuri sana. Vile vinara vya mawe vinavyoonekana kama urembo juu ya nguzo za pembeni viliwekwa pia ili viongeze uzito na kuuelekeza msukumo wa matao chini, ndani ya ukuta.

Kwa hiyo zimwe liwe zito kama jiwe lolote. Utaona huko mbele kwamba uzito huo utakulipa.

Ugumu nao una swali lake, na ni swali ambalo fundi yeyote angekuuliza kabla hujakaa: linachongwa na nini? Kama ni gumu kuliko chuma, patasi ya chuma haifanyi kitu. Almasi ndiyo madini magumu kuliko yote ya asili, na bado huchongwa, kwa sababu unga wa almasi huikata almasi; na licha ya ugumu wake, nyundo moja iliyopigwa vizuri huipasua. Ugumu wa kutokwaruzika na ushupavu wa kutovunjika ni vitu viwili, na mwandishi anayevitenganisha anapata jiwe lenye tabia.

Njia nzuri zaidi ipo tayari baharini. Matumbawe aina ya Porites, yakitolewa majini yangali mabichi, hukatika na kuchongeka kwa wepesi. Yakikaa hewani hukauka na kuwa magumu. Nakshi zilizo kwenye mihrabu na fremu za milango katika majengo ya kale ya mwambao wa Afrika Mashariki zilichongwa kwa siri hiyo. Mpe zimwe tabia ya namna hiyo: laini siku linapotoka machimboni, likiwa na muda fulani mfupi kabla halijakataa kuguswa. Papo hapo una jamii nzima. Wachongaji wanaofanya kazi usiku kucha kwa mwanga wa taa kwa sababu alfajiri jiwe litakuwa limefunga. Karakana zilizo jirani na machimbo, kwa maana jiwe likisafirishwa mbali linafika likiwa halifai. Na kosa la mchongaji linabaki ukutani milele, watu wakilipita na kulitaja jina lake. (Hilo la mwisho mimi ningelifanyia sura nzima, lakini kitabu ni chako.)

Sasa tufike kwenye kujiziba. Hii ndiyo sifa bora uliyoibuni, na ndiyo uliyoitendea haki kidogo kuliko zote. Umeiweka kama pambo, wakati ina uwezo wa kuubeba mji mzima.

Kujiziba si jambo la kichawi mia kwa mia. Zege la Warumi wa kale lina vipande vidogo vyeupe vya chokaa ambavyo kwa muda mrefu vilidhaniwa kuwa ni uchanganyaji mbaya. Mwaka 2023 kikundi cha watafiti akiwemo Admir Masic wa MIT, chuo kikuu cha teknolojia cha Marekani, kilichapisha utafiti ulioonesha kwamba vipande hivyo vina kazi: ufa ukipita hapo na maji yakiingia, chokaa huyeyuka, husafiri na maji, kisha huganda upya ndani ya ufa. Katika majaribio yao nyufa za nusu milimita zilizibika ndani ya wiki mbili. Nchini Uholanzi, mtafiti Henk Jonkers wa chuo kikuu cha Delft alichanganya zege na bakteria waliolala pamoja na chakula chao. Ufa ukiruhusu maji, wanaamka, wanakula, na wanatoa chokaa inayouziba.

Angalia kinachofanana katika mifano yote miwili. Kuna akiba ya chakula, kuna maji, na akiba ikiisha uponyaji umekwisha. Kitu kilichojaza ufa kimetoka mahali fulani. Ukuta wako wa zimwe, mwandishi, unakula nini?

Mimi ningeulisha chokaa, kwa sababu chokaa yenyewe ina mwenendo wa ajabu. Mawe ya chokaa huchomwa kwenye tanuri kwa joto la nyuzi 900 hivi za Selsiasi. Yanatoa hewa ya ukaa na kupungua uzito, kilo 100 zikibaki kilo 56. Yakimwagiwa maji yanachemka yenyewe bila moto na kuwa unga. Unga huo ukipakwa ukutani huivuta tena hewa ya ukaa polepole, kwa miezi na miaka, na kurudi kuwa jiwe. Hayo ni ya dunia yetu hii. Zimwe linalokunywa maji ya chokaa ili kupona halimwombi msomaji aamini kitu kikubwa kupita hicho.

Kisha fuata mlo huo hadi mwisho wake. Mji unaokula chokaa unahitaji tanuri, kuni za tanuri, na vilima vya mawe ya kuchoma. Misitu ya jirani imeisha zamani. Kuna watu ambao kazi yao ni kunywesha kuta, na mikono yao imeungua, kwa sababu chokaa mbichi huunguza ngozi. Mitaa ya wakubwa inanyweshwa kwa zamu isiyokosa; mitaa ya wanyonge inasubiri. Na ukuta ulionyimwa chakula unafanya nini? Hapa ndipo uchawi wako ungeweza kuwa na meno. Kalsiamu iliyo katika jiwe la chokaa ndiyo hiyo hiyo iliyo katika mifupa. Ukuta wenye njaa unaweza kuanza kuwala wanaolala ubavuni mwake, taratibu, kiasi kwamba watoto wa mitaa ile huvunjika mikono kwa kuanguka kidogo tu na hakuna tabibu anayethubutu kusema kwa nini.

Kuna jambo la pili kuhusu kujiziba, nalo linachekesha kidogo. Ukuta unajuaje kwamba ufa ni ufa? Mlango ni tundu lililokatwa ukutani. Dirisha pia. Mfereji, tundu la bawaba, kisima kilichochimbwa ndani ya ua: kwa zimwe vyote ni majeraha. Kwa hiyo mji wako lazima uwe na wakwanguaji, watu wanaopita nyumba kwa nyumba na vyuma vyao kukwangua kingo za milango kabla hazijaanza kusogeleana. Mgonjwa aliyelala nyumbani miezi kadhaa bila mtu wa kumkwangulia anaweza kujikuta amefungiwa ndani. Chumba kilichosahaulika kinatoweka. Na watu wa mji huo hawawezi kamwe kuwa na methali isemayo usipoziba ufa utajenga ukuta. Methali yao itakuwa ya kinyume chake, na ningependa kuisoma utakapoitunga.

Mifupa inanikumbusha jambo jingine la kukupa. Mwaka 1892 daktari Mjerumani Julius Wolff alichapisha hoja yake kwamba mfupa hujijenga kufuata mzigo unaoubeba: panapobebeshwa sana huongezeka, pasipobebeshwa hupungua. Wanaanga wanaokaa muda mrefu bila uzito hupoteza takriban asilimia moja ya mifupa ya nyonga kwa mwezi. Zimwe likifuata sheria hiyo, ngazi inayopandwa na wengi inanenepa katikati badala ya kulika, na kasri lililohamwa linakonda mpaka mwanga wa jua unapenya kuta zake. Mpelelezi angeweza kuusoma ukuta na kujua ni chumba gani kinatembelewa kwa siri. Usichukue yote mawili, kula chokaa na kufuata mzigo, kama huna nafasi ya kuyatumia. Moja likitumika kikamilifu linatosha.

Minara ya mawinguni nitaipitia upesi. Jiwe si tatizo, tumeshaona. Tatizo ni ngazi na maji. Kila mita 10 za kimo zinadai shinikizo la kilo moja zaidi kwa kila sentimita mraba ili maji yapande, kwa hiyo mnara wa mita 300 unataka mabomba na viungo vya kuhimili kilo 30. Pampu ya kuvuta kutoka juu haisaidii, kwa sababu hata iwe bora namna gani haivuti maji kupita takriban mita 10. Ama una wachukuzi wa maji wanaopanda usiku na mchana, ama una uchawi wa pili, na mimi nisingekushauri uchawi wa pili. Waweke wachukuzi. Anayeishi juu kabisa awe anajua majina yao, au asiyajue. Vyote viwili vinamwonesha ni mtu wa namna gani.

Na usisahau kwamba zimwe linakutana na vitu vingine. Zege la nondo linawezekana kwa bahati tu: chuma na zege hutanuka kwa joto kwa kiasi kinachokaribiana, chuma kikiongezeka milimita 12 hivi katika kila kilomita kwa nyuzi moja ya Selsiasi. Kama zimwe halitanuki kabisa, basi lango la chuma la mita 10 lililopigwa jua hadi joto lake kupanda nyuzi 30 litaongezeka kama milimita tatu na nusu na kukwama kwenye fremu yake mchana, kisha kulegea usiku. Walinzi wa mji huo wangejua kwamba lango halifunguki adhuhuri. Ni jambo dogo, lakini msomaji akikutana nalo ukurasa wa 20 hatakuuliza tena kama jiwe lako ni la kweli.

Basi tuje kwenye sura ya tisa. Unayo sasa karibu kila kitu unachohitaji, bila mchawi hata mmoja.

Kuta nyingi imara zimeangushwa kutoka chini. Mwaka 1215 Mfalme John wa Uingereza aliizingira ngome ya Rochester. Watu wake walichimba chini ya kona ya mnara mkuu, wakategemeza juu kwa nguzo za mbao, wakazichoma nguzo hizo kwa mafuta ya nguruwe 40. Kona nzima ikaanguka. Ilipojengwa upya ilifanywa ya mviringo, na hadi leo ukiutazama mnara ule unaona pembe zake nyingine ni za mraba na moja ni ya duara. Zimwe linaweza kujiponya lenyewe, lakini haliwezi kuiponya ardhi.

Lakini adui wako anaweza kufanya zaidi ya John. Mfanye amiri wao awe mtu aliyewahi kuishi mjini humo, pengine mkwanguaji. Anakuja na mikokoteni ya chokaa. Anaitupa ukutani kwa manjanika, ile mitambo ya kale ya kurushia mawe, mfuko baada ya mfuko, na waliozingirwa wanacheka kwa sababu wanaona ukuta wao ukinenepa bure kwa gharama ya adui. Wakwanguaji wote wameshachukuliwa kwenda kushika mikuki, kwa hiyo milango ya siri inaanza kuziba, na vijilango vya kutokea nje kushambulia usiku vinazibika kimoja kimoja. Visima vinapungua mdomo. Wakati huo huo wachimbaji wako chini, na ukuta ulio juu yao unazidi kuwa mzito kila siku.

Kuna kitu kingine kinachowafanyia kazi. Ukuta wa mawe yaliyopangwa na kuunganishwa kwa chokaa hutoa taarifa: ardhi ikilegea, viungo hufunguka, vumbi hudondoka, walinzi hupata siku kadhaa za kujua. Zimwe limeshaziba viungo vyake vyote karne nyingi zilizopita. Ni kipande kimoja kutoka mnara hadi mnara. Litaruka juu ya shimo bila kuonesha dalili, likibeba uzito wake na ule wa chokaa yote iliyotupwa, mpaka mbao zichomwe. Likiachia, haliachii kona moja.

Anza kuyapanda haya mapema. Kwenye sura ya nne au ya tano mwoneshe mkwanguaji mmoja akilalamika kuhusu mlango wa ghala la nafaka unaoziba upesi kuliko kawaida, na mkuu wake akimwambia asiwasumbue watu. Kwenye sura ya tisa yenyewe mlango huo uwe umeshafungwa kabisa, nafaka zikiwa ndani na askari wakiwa nje. Handaki la wachimbaji waweza kulimaliza kwa aya mbili.